Kuwa Mhariri wa Filamu Ukiwa Unguja au Pemba: Kutoka Video ya Harusi Hadi Ngome Kongwe

Bibi yangu wa Wete alikuwa mshonaji wa mikeka. Ukili waliusuka wanawake wote wa mtaa, barazani, mikono inakwenda na mazungumzo yanakwenda. Lakini kuziunganisha zile kili mpaka zikawa mkeka, hilo alilifanya peke yake chumbani, mlango umerudishwa, kwa sababu hapo ndipo mkeka unaponyooka au kupinda. Mgeni akija kuukalia husifu rangi na nakshi. Mshono hauoni, na bibi hakutaka auone.

Mimi nashona picha. Huu ni mwaka wa 13 nahariri mjini Unguja. Nilianza na video za harusi, nikaingia kwenye matangazo ya hoteli, nikafanya filamu za maelezo za mashirika, na hatimaye filamu fupi za hadithi. Jina langu hupita mwishoni, watu wameshasimama wanatafuta njia ya kutokea. Kazi hii naipenda kwa dhati, na natamani vijana wa visiwa hivi waifanye vizuri kuliko tulivyoianza sisi. Basi naandika njia niliyoipita, na pale nilipojikwaa naonesha jiwe lilipo.

Hatua ya 1: Zoeza macho, programu itasubiri

Wanaonijia kutaka kujifunza, na siku hizi wengi ni wasichana, swali lao la mwanzo huwa moja: "Dada, nitumie programu gani?" Nawajibu kwamba hilo tutalizungumza wiki ijayo. Wiki hii chukua simu yako ufanye jaribio alilolifanya Mrusi mmoja, Lev Kuleshov, karibu na mwaka 1920. Alichukua picha ya uso wa mwigizaji Ivan Mozzhukhin, uso uliotulia usioonesha chochote, akauunga mara tatu: mara na sahani ya supu, mara na mtoto aliyelazwa jenezani, mara na mwanamke aliyejinyoosha kochini. Inasimuliwa kuwa watazamaji walimsifu mwigizaji kwa namna alivyojua kuonesha njaa, huzuni na tamaa. Uso ulikuwa ule ule.

Wewe mwombe mjomba wako akae barazani atazame mbele kwa sekunde 10, asicheke wala asikunje uso. Halafu piga picha bakuli la urojo linalofuka moshi. Piga mlango wa nyumba uliotiwa kufuli. Piga mtoto anayejifunza kutembea. Unga uso wa mjomba na kila kimoja, kisha waoneshe watu wa nyumbani mmoja mmoja na uwaulize mjomba anawaza nini. Majibu yao ndiyo somo la kwanza la kazi hii, na hakuna programu itakayokufundisha zaidi ya hapo: maana huzaliwa pale vipande viwili vinapokutana.

Zoezi la pili ni la kalamu na karatasi. Chagua filamu unayoijua vizuri, zima sauti, na kila picha inapobadilika tia alama. Dakika tano zinatosha. Kisha rudi kwenye kila alama ujiulize kwa nini mkato umewekwa pale. Kuna aliyegeuza macho? Kuna mkono ulioanza kunyanyuka? Kuna aliyevuta pumzi kutaka kusema? Baada ya hapo geuza: funika skrini, sikiliza dakika zile zile kwa masikio tu. Wanafunzi wangu wengi hustaajabu kugundua kwamba sauti haikatwi pale picha inapokatwa. Jambo hilo nitalirudia mbele.

Hatua ya 2: Zana, umeme na hewa ya pwani

Haya, programu. DaVinci Resolve ina toleo la bure linalotosha kumaliza filamu nzima, na ndilo ninalowaanzishia vijana. Kdenlive nayo ni ya bure. Premiere Pro hulipiwa kila mwezi. Utaihitaji siku utakapoingia kwenye kampuni inayoitumia. CapCut ya simuni inafaa kwa zoezi la mjomba na kwa matangazo mafupi. Ukishaijua moja kwa undani, kuhamia nyingine ni suala la wiki mbili za kuchanganyikiwa vifungo.

Kompyuta iwe na RAM ya GB 16 ukiweza. Usipoweza usikae kusubiri, tengeneza nakala nyepesi za picha zako, zile tunazoziita proksi. Unahariri kwa nakala ndogo, na programu inazirudisha picha halisi wakati wa kutoa faili la mwisho. Miaka yangu miwili ya mwanzo nilifanya kazi hivyo kwa laptopu ya mtumba, na hakuna mteja aliyejua.

Hedifoni nzuri inunuliwe kabla ya skrini nzuri. Hapo sina shaka hata kidogo.

Umeme nao uuhesabu kuwa ni sehemu ya zana. Unguja tunapata umeme kwa waya uliopita chini ya bahari kutoka bara. Mwaka 2008 tulikaa gizani karibu mwezi mzima, na kuanzia Disemba 2009 hadi Machi 2010 tukakaa miezi mitatu. Waya mpya na mkubwa zaidi ulikuja mwaka 2013. Pemba wao wanaupata wa Tanga tangu mwaka 2010. Hali ni nzuri sana ukilinganisha na wakati ule, lakini kukatika kwa dakika mbili kunatosha kuharibu faili lililokuwa linanakiliwa. Nunua UPS, kile kifaa cha betri kinachoishikilia kompyuta umeme ukikatika, hata ile ndogo, na iambie programu ihifadhi kazi yenyewe kila baada ya dakika tano.

Halafu chumvi. Diski za nje zinazokaa karibu na dirisha linaloelekea bahari huota kutu kwenye tundu la waya. Ziweke kwenye chombo chenye kifuniko kinachobana, pamoja na vile vifuko vidogo vya kunyonya unyevu vinavyokuja ndani ya maboksi ya viatu. Wakati wa masika badilisha vifuko mara kwa mara.

Hatua ya 3: Kadi ya mtu ni amana

Hapa nataka tukae kidogo.

Katika moja ya harusi zangu za mwanzo nilikabidhiwa kadi mbili za kamera, zile zinazohifadhi picha, jioni. Nikaanza kunakili, umeme ukakatika, ukarudi. Nilipofungua folda niliona majina ya mafaili yote yamo, nikaridhika, nikazifuta kadi kwa sababu mpiga picha alizihitaji kesho yake asubuhi. Siku mbili baadaye ndipo nilipoona kwamba mafaili manne yalikuwa na jina tu, ndani hamna kitu. Moja kati ya hayo lilikuwa na bibi wa biharusi akimnyunyizia mjukuu wake marashi kwa mrashi, akimwombea dua kwa sauti. Tukio hilo halirudiwi. Nilikwenda nyumbani kwao kuwaambia kwa kinywa changu, na hawakunitukana. Mama mtu alinyamaza tu. Mpaka leo nikipita mtaa ule natazama chini.

Tangu siku hiyo nafuata utaratibu huu bila kuuruka hata nikiwa nimechoka:

1. Kadi ikifika mkononi, sukuma kile kitufe cha ubavuni cha kuzuia kuandikwa. Kama kadi haina kitufe, iandikwe kwa kalamu kwenye karatasi ya gundi: HAIJANAKILIWA.

2. Nakili kadi nzima, folda zote kama zilivyo, hata zile usizozielewa. Usichague klipu. Nakili kwenye diski mbili tofauti, kila moja moja kwa moja kutoka kwenye kadi.

3. Linganisha ukubwa wa folda na ukubwa wa kadi kwa tarakimu kamili. Kisha fungua klipu ya kwanza, ya katikati na ya mwisho, uzitazame mpaka mwisho wake.

4. Diski ya pili isilale nyumba moja na ya kwanza. Yangu inalala kwa dada yangu Kwahani. Moto, mwizi na bomba la maji lililopasuka havichagui.

5. Kadi zifutwe na mpiga picha mwenyewe, ndani ya kamera yake, baada ya wewe kumwambia kwa maandishi kwamba kazi iko salama sehemu mbili.

Hesabu nafasi mapema. Kamera inayorekodi megabiti 100 kwa sekunde hula GB 45 kwa saa moja. Harusi ya kamera mbili kwa saa nane haiingii kwenye diski ya GB 500, na mambo haya yajulikane kabla ya siku yenyewe.

Majina ya folda yawe ya kueleweka na mtu mwingine. Mimi huanza na mwaka, mwezi na siku, kisha mahali, kisha kamera: 2024-02-17_Mkoani_KamA. Siku utakayougua na mwenzako akalazimika kumalizia kazi yako, hapo ndipo thamani ya jina itakapoonekana.

Hatua ya 4: Anza na harusi, na uzifanye kwa heshima

Wapo wenzetu wanaodharau video za harusi. Siwaelewi. Hakuna skuli bora ya uhariri katika visiwa hivi. Una saa sita au nane za picha, hakuna kilichopangwa, hakuna kitakachorudiwa, sauti ni ya ukumbi uliojaa, na unatakiwa utoe dakika 40 ambazo familia itazitazama kwa miaka mingi. Ukiweza hapo, filamu ya hadithi haitakutisha.

Anza kwa kutazama kila kitu. Narudia: kila kitu, tangu mwanzo mpaka mwisho, bila kukata. Weka daftari. Andika dakika na neno moja: "shangazi analia 01:14", "mtoto amelala chini ya meza 02:40". Utakapofika kuunga utajikuta unakumbuka uso fulani uliopita kwa sekunde mbili, na sekunde hizo mbili ndizo zitakazoibeba sehemu nzima.

Taarab inahitaji sikio. Usikate katikati ya ubeti. Mwimbaji anapofika kwenye kiitikio, kinamama wakaanza kuinuka kwenda kutunza, mkato wako ufuate mwendo wao: yule anayeinuka, mkono wenye noti, uso wa mwimbaji anayepokea huku haachi kuimba. Mtu anayekwenda kutunza mara nyingi anapeleka ujumbe kupitia ule ubeti, na ukumbi mzima unajua unaelekezwa kwa nani. Mhariri asiyejua maneno ya wimbo atamkata mtu huyo kama mpita njia. Kwa hiyo sikiliza mashairi kabla ya kuunga. Ukishindwa kuyaelewa, muulize mama yako.

Sasa upande wa wanawake. Kwenye harusi zetu kinamama hujifungua buibui wakiwa wao kwa wao, wakavaa na kucheza kwa uhuru, kwa sababu wana hakika hakuna mwanamume anayewaona. Wanaporuhusu kamera ya mwanamke mwenzao, wameongeza mtu mmoja tu ndani ya hakika hiyo, na mtu wa pili ni wewe unayehariri. Kwa sababu hii mhariri wa kike ana kazi hapa mwaka mzima, lakini kwa sababu hiyo hiyo anabeba mzigo ambao mwenzake wa kiume haubebi. Masharti yangu ni haya, nayasema mwanzo mbele ya mama wa biharusi: kompyuta ninayohariria picha hizo haiunganishwi na intaneti mpaka kazi iishe, mlango unafungwa, hakuna kipande kinachotumwa kwa simu hata biharusi mwenyewe akiomba cha "kuonja", kazi inakabidhiwa kwa mkono kwenye fleshi, na baada ya siku 30 nakala zangu zote zinafutwa. Picha za upande huo siziweki kamwe kwenye mifano ya kazi zangu, hata kama ndizo nzuri kuliko zote. Nimekosa kazi mbili tatu kwa kutokuwa na mfano wa kuonesha. Nimepata nyingi zaidi kwa sababu kinamama wanaambiana.

Hatua ya 5: Filamu za maelezo, na neno la mtu

Ukishajulikana kwa harusi, mashirika yatakutafuta kwa filamu fupi za mwani, pweza, afya ya mama na mtoto, na kadhalika. Malipo ni mazuri. Hatari yake ni nyingine.

Niliwahi kuhariri mahojiano na mvuvi mzee wa kijiji cha kusini juu ya kufunga mwamba wa pweza kwa miezi kadhaa ili wakue. Alisema: "Imetusaidia, pweza wamekuwa wakubwa, lakini miezi ile ya mwanzo tulikula muhogo mtupu." Mteja alitaka nusu ya kwanza peke yake. Kwa mikono ni kazi ya sekunde tatu: unakata, unafunika mshono kwa picha ya ngalawa, hakuna atakayejua. Nilikataa. Nilimwandikia mteja kwamba mzee ametoa sentensi nzima na watu wa kijiji chake wataitazama. Tulibishana siku mbili, mwishowe sentensi ikabaki nzima, na filamu ikawa na nguvu zaidi kwa sababu mtazamaji alimwamini mzee.

Kila unapofupisha maneno ya mtu, fanya jaribio hili: mfikirie amekaa pembeni yako anasikiliza. Angesema "ndivyo nilivyosema"? Kama huna uhakika, rudisha.

Jambo jingine ni lahaja. Mtu wa Makunduchi, wa Tumbatu au wa Micheweni akizungumza lugha ya kwao, mhariri wa mjini anaweza kukata neno akidhani mtu amekosea, kumbe ndilo neno lenyewe. Mimi ni mtu wa Pemba na bado Kimakunduchi kinanishinda. Kaa na mtu wa mahali pale, msikilize pamoja, andika maneno yote karatasini ndipo uanze kukata.

Hatua ya 6: Filamu ya hadithi

Hapa utakutana na muongozaji, muswada, na klipu tano za tukio moja. Utaratibu wenyewe uko hivi. Linganisha sauti na picha kwa kutumia kile kibao kinachopigwa mbele ya kamera, ule mlio na pale vibao vinapogusana. Tazama klipu zote na muongozaji, umsikilize anapopumua kwa ndani au anapoguna, andika. Unga mkato wa kwanza kwa kufuata muswada bila ujanja. Utakuwa mrefu na utakuvunja moyo, kila mhariri unamvunja moyo. Halafu anza kupunguza.

Kiasi cha picha kisikutishe. Filamu ya Apocalypse Now ya mwaka 1979 ilipigwa zaidi ya futi milioni moja na robo za mkanda, na mmoja wa wahariri wake, Walter Murch, alikokotoa kwamba kwa kila dakika moja iliyobaki kulikuwa na dakika 95 zilizoachwa. Huyu Murch ameacha kipimo ninachokitumia kila siku. Anasema mkato mzuri hupimwa kwa mambo sita, na akayapa uzito: hisia 51 kwa mia, hadithi 23, mdundo 10, mahali macho ya mtazamaji yalipo 7, na mpangilio wa picha kwenye skrini na mahali halisi watu waliposimama 5 na 4. Tazama alivyopanga. Hisia peke yake inazidi mengine yote yakijumlishwa.

Kwetu sisi kipimo hicho kina mtihani wake, na mtihani huo ni maji. Tukio likipigwa ufukweni Paje au Jambiani, baina ya maji kupwa na kujaa ni kama saa sita na dakika chache, na wakati wa bamvua tofauti hufika karibu mita nne. Muongozaji akila chakula cha mchana akarudi, bahari imeshahama. Kwenye filamu moja nilikuwa na mama anayelia kwa picha ya karibu, nyuma yake mwani wote uko wazi, na picha ya mbali ya tukio lile lile ina maji mpaka kwenye minazi. Nilizunguka nalo siku nzima. Mwisho nikabaki na kilio, nikaitupa picha ya mbali, nikaweka badala yake mikono yake inayofunga kamba ya mwani. Hakuna aliyeuliza maji yamekwenda wapi. Lakini somo la pili ni hili: omba kuitwa kwenye mkutano kabla upigaji haujaanza, na ulete jedwali la maji. Mhariri anayesema mapema huokoa pesa kuliko anayelalamika baadaye.

Nyakati za kukaa peke yangu na kazi ngumu huwa nawakumbuka wanawake waliotangulia. Zamani huko Hollywood kukata na kuunga mkanda kulionwa kama ushoni, kazi ya mikono myepesi, hivyo wakaajiriwa wasichana wengi. Margaret Booth alianza kwa kuunganisha vipande akaja kusimamia wahariri wote wa kampuni ya filamu ya MGM kwa miaka mingi. Anne V. Coates ndiye aliyehariri Lawrence of Arabia ya mwaka 1962 akapata Oscar. Thelma Schoonmaker anazo Oscar tatu. Bibi yangu hakumjua hata mmoja wao, lakini wangekaa barazani pamoja wangeelewana upesi.

Hatua ya 7: Sauti, na adhana

Nilisema nitarudi. Kwenye mazungumzo ya watu wawili usikate sauti na picha pamoja kila mara, itakuwa kama mchezo wa kurushiana mpira. Acha sauti ya anayejibu iingie kabla ya uso wake, au baki na uso wa anayesikiliza wakati mwenzake bado anasema. Mara nyingi habari iko kwa anayesikiliza.

Mwombe mtu wa sauti arekodi ukimya wa kila mahali kwa dakika moja: chumba kitupu, uwanja, ufukwe wenye upepo wa kusi. Ukimya wa Forodhani si ukimya wa Chake Chake. Utautandika chini ya mikato yako yote kama shuka.

Adhana ni jambo la peke yake. Mji Mkongwe misikiti imekaribiana, na adhana moja huanza ya pili ikiwa katikati. Ikirekodiwa nyuma ya mazungumzo, ukikata klipu umeikata adhana, na ukiunga klipu nyingine imeruka mbele au imerudi nyuma. Mtazamaji wa ulaya hatagundua. Mtazamaji wa hapa atashituka kifuani, na wengi wataona umevunja heshima, na mimi nitakuwa upande wao. Dawa ni kusimamisha upigaji mpaka iishe. Kama umeletewa tayari iko ndani, warudishe waigizaji warekodi maneno upya. Na kama hadithi yenyewe inataka adhana, ichukue nzima kutoka rekodi safi, uitandaze chini ya tukio, na upange picha ziifuate yenyewe.

Hatua ya 8: Malipo na makaratasi

Hesabu siku, usihesabu dakika za filamu. Kazi ya saa sita za picha: siku mbili za kutazama na kupanga, nne au tano za kuunga, moja ya sauti, moja ya rangi, moja ya marekebisho. Zidisha kwa bei yako ya siku. Nusu ichukuliwe kabla hujaanza, na faili safi litoke baada ya nusu ya pili. Kabla ya hapo mteja aone nakala yenye maandishi juu yake. Andika kwamba marekebisho ni mara mbili, ya tatu yanalipiwa. Andika hata kama mteja ni binamu yako, hasa akiwa ni binamu yako.

Muziki usiuokote mtandaoni. Nyimbo zina wenyewe, na COSOZA ndiyo ofisi ya hakimiliki ya Zanzibar. Filamu itakayooneshwa hadharani hapa inapita Baraza la Sanaa, Sensa ya Filamu na Utamaduni, kwa hiyo iwekee siku zake kwenye ratiba, usiikimbize wiki ya mwisho.

Kwa mtu anayetaka cheti, yako mafunzo ya habari na utangazaji SUZA, Chuo Kikuu cha Taifa cha Zanzibar, na TaSUBa, chuo cha sanaa kule Bagamoyo, hufundisha sanaa hizi. Ila nenda ukiwa umeshaunga harusi kumi. Utajua cha kuuliza.

Hatua ya 9: Kaa nyuma ya watazamaji

Tamasha la Filamu la Kimataifa la Zanzibar, lililoanzishwa mwaka 1997, huonesha filamu Ngome Kongwe usiku, nje, chini ya nyota, na watu wa mtaa huja na watoto wao. Hata kama huna filamu yako pale, nenda kila mwaka. Nenda kama mwanafunzi: wasikilize wahariri wageni, jitolee kubeba viti, waulize walikata vipi.

Na siku filamu uliyoihariri itakapooneshwa, iwe pale au ukutani mwa skuli ya kijiji kwa projekta ya kuazima, usikae mbele. Kaa safu ya mwisho, na usiitazame skrini. Tazama vichwa. Chukua daftari lile lile la harusi. Kichwa kikiinamia simu, andika dakika. Watoto wakianza kusukumana, andika. Mtu akikohoa na mwingine akafuatia, andika. Na pale vichwa vyote vitakapotulia pamoja, hata anayeuza karanga pembeni akaacha kutingisha chombo chake, hapo weka nyota mbili pembeni mwa dakika, kisha kesho asubuhi fungua mradi wako, nenda mpaka pale, uhesabu una fremu ngapi, zile picha moja moja zinazounda video, kabla ya mkato.